Kilio cha Mwanatatu

Riziki Bakari hapendi kutazamwa usoni anapomchora mtu hina. Wateja wake wa mtaa wa Shika Adabu, Likoni, wamelijua hilo, na wenye adabu zao huangalia ukuta. Lakini harusi huleta wageni, na mgeni ana macho ya kongoni. Utamwona mwanamke wa Kisauni au Changamwe amenyoosha mkono vizuri, kisha ghafla anakunja kipaji.

"Dada, sura yako naijua. Si wewe uliyekuwa kwenye ile tamthilia, *Ukuta Mmoja*? Yule mtoto wa *abee*?"

"Siye," hujibu Riziki bila kuinua kichwa. "Yule alikufa."

"Kweli, alikufa, maskini! Siku ile nililia mpaka chakula kikaungua."

Basi Riziki huendelea kuchora ua lake, na mteja huendelea kumsikitikia marehemu aliyemshika mkono. Ukitaka kujua mtu huwaje hai na marehemu kwa wakati mmoja, hapo hapo Likoni, huna budi kuanza na bibi yake. Hadithi isiyo na bibi ndani yake mimi siiamini.

Bibi mzaa baba aliitwa Mwanatatu. Bakari alipopata mtoto wa kwanza, akawa wa kike, alimrudishia mamake jina kama ilivyo desturi ya ukoo wao. Tangu siku hiyo bibi na mjukuu wakawa masomo, watu wa jina moja, na walitaniana tangu jogoo awike mpaka taa izimwe. Bibi akilalamika kwamba somo yake mvivu, mtoto alijibu kwamba uvivu umo kwenye jina, alirithi pamoja nalo.

Mtoto alikuwa na miaka saba, watu wa televisheni walipokuja mtaani kutafuta nyumba yenye baraza pana. Walikuwa na tamthilia ya kifamilia mkononi, mambo ya familia mbili zinazopakana ukuta, na nyumba waliyoitaka ilikuwa ng'ambo ya uchochoro kwa Bakari. Mkubwa wao, aliyeitwa Nicanor, mtu wa bara mwenye kofia ya kufumwa, alikuwa amesimama nje akipima mwanga kwa kiganja aliposikia bibi akiita.

"Mwanatatu!"

"Abeeee!" Sauti ilitoka dirishani, ndefu, ya kivivu, yenye mkia. Mtu hakutoka.

"Ndoo hapa!"

"Somo, naitwa ama natafutwa? Kama naitwa, nimeitika. Kama natafutwa, niko kitandani."

"Unatafutwa na bakora!"

Nicanor alicheka mpaka akakaa chini kwenye mchanga. Alipoinuka, alikuwa amekwishampata mtoto wa tamthilia yake.

Nicanor alikuwa na njia yake ya kufanya kazi na watoto. Mtoto hapewi jina la kuigiza. Ukimwita kwa jina la uongo, alisema, huchelewa kuitika, na kamera huona. Kwa hiyo Mwanatatu wa nyumbani angekuwa Mwanatatu wa televisheni, na angejibu vilevile anavyojibu. Bakari, ambaye kazi yake ya kupakia mizigo bandarini haikumwachia nguvu za kubishana, hakuona ubaya. Aliyeuona ni bibi.

"Jina si kanga," alisema, "uliazime uende nalo harusini, ulirudishe lina doa."

Watu walicheka, wakadhani ni utani wake wa kawaida. Mimi nadhani hapo ndipo wangelimsikiliza.

Mamake mtoto, Jalila, alikuwa mwanamke kijana mwenye sauti nzuri. Alipokuwa msichana alikuwa akisoma kasida kwenye maulidi, na watu wazima wakitingisha vichwa. Kisha aliolewa, na sauti ikabaki ya kuita watoto na kujibishana na wauza samaki. Alimkubali Nicanor kwa sharti moja: atakuwapo siku zote. Usiku wa kwanza alimketisha binti yake miguuni, akamwambia maneno ambayo mtoto aliyashika kama anavyoshika sura za Kurani chuoni.

"Mimi ndimi mlango wako. Watu wale ni wageni, siwajui. Lolote wanalolitaka kwako litapitia kwangu kwanza, na mimi nitakwambia. Hakuna atakalolijua Jalila, Mwanatatu asilijue. Umenisikia?"

"Abee, mama."

Na ndivyo ilivyokuwa. Mtoto alikuwa msomaji wa polepole, basi Jalila ndiye aliyemsomea maneno ya tamthilia huku akikuna nazi. Alimfundisha pa kucheka na pa kununa. Alimweleza kisa kinakokwenda ili asishtuke. Kazini aliketi pembeni na chupa ya maji na leso ya kumfuta mtoto jasho, na midomo yake ilicheza bila sauti, kwa maneno ya mtoto na ya kila mtu mwengine. Caroline Mueni, mama wa kwenye televisheni, alikuwa mwanamke mpole kutoka Machakos. Alimpenda mtoto, na Kiswahili chake alikitamka kwa uangalifu kama anayekanyaga mawe kuvuka maji. Akikosea neno, Jalila alilitaja pole pole kutoka pembeni. Hakuna aliyemuuliza Jalila alikojifunzia hayo.

Tamthilia ilipoanza kuonyeshwa, Likoni ilipata wazimu. Kila mtoto akiitwa alijibu "Abeeee!" na kila mama alitafuta bakora. Kwenye feri watu walimpisha Mwanatatu na bibi yake kana kwamba ni bibi harusi na kungwi wake. Mwalimu wa chuo alimwonya asije akajibu hivyo mbele ya msahafu, kisha yeye mwenyewe, akiitwa na mkewe, alisikika akijibu hivyohivyo. Mtoto alikuwa na furaha, na kilichomfurahisha zaidi ya makelele ya feri ni ule wakati wa kukuna nazi, mama na yeye, wakijua jambo ambalo Likoni nzima bado hailijui.

Lakini mtoto ni mtoto kwa sababu hukua. Meno ya mbele yaling'oka, yakaja mengine makubwa kuliko uso. Miguu ilirefuka. Ile *abee* ambayo kwa mtoto wa miaka saba ilichekesha, kwa msichana wa miaka kumi ilianza kusikika kama ufidhuli. Nicanor akawa anamtazama kama mzazi anavyotazama sare ya shule iliyoanza kubana. Siku moja baada ya kazi alimwita Jalila kando, wakazungumza kwa muda karibu na jenereta, mahali ambapo makelele humeza maneno. Mwanatatu aliwaona. Aliona Nicanor akisema na mama akitikisa kichwa. Kisha Nicanor akasema tena jambo, na mama akaacha kutikisa kichwa. Alishika shavu kwa kiganja, kama msichana aliyeletewa posa.

"Amesema nini, mama?"

"Amesema umefanya vizuri."

Jioni ile, juu ya mbuzi ya nazi, Jalila alimfundisha maneno mapya. Yalikuwa machache. Mwanatatu wa tamthilia ameshikwa na homa, amelala, anamwomba Caroline maji. Akishayanywa anasema, "Mama, nifunike," kisha anafumba macho.

"Halafu?" aliuliza mtoto. Ndilo swali aliloliuliza kila jioni, na kila jioni lilijibiwa.

Jalila alikuna nazi mpaka akagonga kifuu. "Halafu utapona, inshallah."

Aliigiza homa ile vizuri kuliko kitu chochote alichowahi kufanya, kwa kuwa alijua atapona. Caroline alimfunika, akatoka nje haraka, na watu walidhani anakwenda kuvuta hewa.

Siku mbili tatu baadaye Jalila alimtuma bibi aende Waa kumtembelea dada yake, akampa na mjukuu amsindikize. Aliwafungia mkate wa sinia, akawasisitizia walale huko, wasikimbilie kurudi, hewa ya Waa nzuri. Walipofika walikuta mlango una kufuli, kwani mwenye nyumba alikuwa amekwenda harusini Msambweni. Jirani aliwapa maji na mihogo ya kuchukua. Kabla ya alasiri walikuwa wamerudi Likoni, bibi akilaumu harusi zote za dunia.

Walipokata kona penye duka la mkaa, waliona turubai. Limefungwa kutoka paa la ile nyumba ya baraza mpaka kwenye mnazi. Wanaume wameketi kwenye mabenchi, kofia vichwani, wameinamisha nyuso. Ndani kunasikika wanawake, na harufu ya udi imejaa uchochoroni. Mtu wa pwani akiona turubai na mikeka haulizi amealikwa na nani. Huingia, akaketi, akasoma Fatiha, ndipo akauliza. Na siku ile watu walikuwa wameingia hivyo, wengine wanaojua ni kazi ya Nicanor na wengine wasiojua lolote. Mama mmoja wa mtaa wa juu alikuwa ameleta sufuria nzima ya wali, maana nyumba ya msiba haiwashi moto. Nicanor hakumrudisha mtu. Alichotaka ni nyuso za kweli, na sasa alikuwa amezipata bure.

Bibi alijifunika kanga yake vizuri, akamsogelea muuza mkaa aliyekuwa amesimama nje ya turubai.

"Nani aliyetutoka, mwanangu?"

Yule bwana alikuwa amefika sasa hivi, naye kaambiwa na wenzake. Alijibu macho yake yakiwa chini. "Mwanatatu, bibi. Poleni."

"Mwanatatu yupi?"

"Wa kwa Bakari."

"Mwanatatu wa kwa Bakari wako wawili," alisema bibi, "na wote wawili wamesimama mbele yako."

Muuza mkaa aliinua macho, akamwona mtoto na mfuko wake wa mihogo, akasema Bismillahi na kurudi nyuma mpaka akalipindua benchi na waliokuwa juu yake.

Mtoto alikuwa amekwishamwacha bibi. Alipita katikati ya viatu vilivyovuliwa, akaruka nyaya alizozizoea, akafika mlangoni. Wanawake wamejaa chumba kizima, kanga vichwani. Katikati ya mkeka, kando ya chetezo cha udi, gauni lake la buluu, lile la Idi, limekunjwa na kupangwa kama la mtu ambaye halitaki tena. Caroline ameketi ukutani, macho makavu, anatazama kama mwanafunzi. Na anayetazamwa, ambaye kamera imemsogelea mpaka inakaribia kumgusa, ni mamake.

Wallahi, Jalila alikuwa analia. Hakuwa akijisingizia. Machozi yalimshuka mpaka kidevuni, mkono unapiga paja, na ile sauti ya maulidi, iliyokaa kimya miaka yote hiyo, ilikuwa imerudi.

"Mwanatatu mwanangu, umeniacha na nani? Nani ataniitikia mimi? Mwanatatu! Mwanatatu wee!"

Mtoto aliyeitwa na mamake huitika. Hakufikiri.

"Abee, mama."

Zogo lililotokea hapo bado lina wasimuliaji wake Likoni. Wanawake walitokea mlangoni, dirishani na, kwa mujibu wa wengine, ukutani. Yule mwenye sufuria ya wali aliikanyaga sufuria. Bibi mmoja mnene alianguka akasoma shahada. Lakini Mwanatatu hakucheka na sitawacheka mbele yake. Alikuwa anamtazama mama, akingoja. Aliamini kuna maelezo, na kwamba mama atayatoa, maana mlango ulikuwa bado mlango.

Jalila aliinua macho yaliyolowa. Alimwona binti yake. Alitazama kamera, iliyokuwa bado inawaka taa nyekundu, kisha akamtazama tena mtoto, akasema kwa sauti ya chini, ya upole, ile ya wakati wa kukuna nazi:

"Sogea, mwanangu. Unaonekana."

Mwanatatu alisogea. Miaka mitatu kazini ilikuwa imemfundisha kusogea akiambiwa. Alikwenda akaketi nje juu ya ndoo iliyofunikwa, akashika mihogo yake, na ndani wakaanza upya. Safari hii aliyasikia yote mpaka mwisho.

Mambo mengine yalitoka yenyewe. Jalila alikuwa amejua tangu ile siku ya jenereta. Nicanor alimwomba asimwambie mtoto, kwa sababu zilibaki sehemu za kucheka za kumalizia, na mtoto anayejua anakufa hachekeshi. Jalila alipokataa, Nicanor alimwambia jambo la pili. Caroline hajui kulia kipwani, nyumba ya matanga itahitaji jirani wa kulia badala yake, na jirani huyo atabaki kwenye tamthilia. Miaka yote ameketi pembeni akitafuna maneno ya watu, na kumbe yule bwana alikuwa amemwona. Ndipo aliposhika shavu.

"Wangemtoa tu," alimwambia Bakari usiku ule. "Nikubali nisikubali, wangemtoa. Mimi nilifanya kosa gani kwa kuchukua kilichobaki?"

"Ulimwambia atapona," alisema Bakari.

"Nilisema inshallah."

Mtoto alikuwa macho nyuma ya pazia, na hilo la inshallah ndilo lililomuuma kuliko gauni. Mama alikuwa amemtia Mungu ndani ya uongo wake.

Bibi hakugombana na mtu. Siku nzima alikaa na tasbihi, na siku chache baadaye, usiku matanga yalipoonyeshwa kwenye televisheni, akatazama mpaka mwisho pamoja na mtaa mzima. Asubuhi yake watoto walikuwa wakimkimbia Mwanatatu njiani, wengine kwa mzaha, wengine kwa hofu hasa. Wanawake walijitemea mate kifuani kujikinga. Hodi ilipigwa na watu waliotoka mbali, Mtopanga na kwengineko, wakitoa mkono wa pole, na mtoto mwenyewe ndiye aliyewafungulia. Kisha akashikwa na homa, ya kweli. Hapo bibi alimwita mwanawe.

"Jina limeshaliliwa, Bakari. Limesomewa Fatiha na watu wenye udhu. Kilio hakirudishwi kilikotoka, kitatafuta mtu. Mbadilishe mtoto."

Desturi hiyo ipo. Mtoto akiugua ugua, husemwa jina limemlemea, hutafutiwa jingine. Sheikh alikuja akasoma dua, watoto wa jirani wakagawiwa mkate wa kumimina, na mgonjwa aliyelala kitandani akaambiwa kwamba kuanzia leo yeye ni Riziki. Alilia sana, akamshika bibi kanga.

"Na wewe, somo? Wewe pia utabadilisha?"

"Mimi mtu mzima. Kilio kikilitafuta jina, kitanikuta mimi hapa nimekaa." Kisha bibi akajikaza, akasema neno ambalo lazima lilimkata ulimi. "Na usiniite somo tena. Sisi si masomo."

Leo Riziki anajua bibi alikuwa amejitanguliza mbele yake kama ngao. Lakini mtoto wa miaka kumi hajui ngao. Alichojua ni kwamba katika juma moja mama alimzika na bibi akamnyang'anya jina. Homa ilipoa. Utani haukurudi. Alijibu akiitwa, "Abee," fupi, bila mkia, na mara nyingi ilibidi aitwe mara mbili.

Jalila alicheza *Ukuta Mmoja* miaka minne zaidi, na alikuwa mzuri kweli, hilo nitalisema hata kama linaniudhi. Sokoni walimwita Mama Marehemu, naye aliitika. Nyumbani alimpikia binti yake, alimsuka, alimlipia mafunzo ya hina. Hakuwahi kumwomba radhi. Alingoja tu, kama watu wengi wangojeavyo, kwamba siku zitapita na juu yake zitapita siku nyengine.

Bibi alifariki mwaka jana, asubuhi, baada ya kunywa uji. Alikuwa mzee sana, na kifo hakikumshangaza mtu. Turubai lilifungwa ng'ambo hii ya uchochoro, mikeka ikatandikwa, sufuria za majirani zikaanza kuingia. Msikitini walitangaza kwamba Mwanatatu wa kwa Bakari ametutoka, na vijana walioyakuta mambo njiani waliulizana, si alikufa zamani?

Riziki alikuwa anapita na ndoo ya maji ya kuoshea maiti alipomkuta mamake katikati ya mkeka. Jalila alikuwa analia. Mkono unapiga paja. "Umeniacha na nani? Nani ataniitikia mimi?" Maneno ni yaleyale, sauti ni ileile, hata pale pa kuvuta pumzi hapakubadilika. Labda hakuwa na maneno mengine. Labda yale ya kwanza ndiyo yaliyokuwa yake ya kweli, na haya ndiyo mazoea. Riziki alisimama na ndoo yake akajaribu kujua, akashindwa.

Jalila aliinua uso, akamwona. Hapakuwa na kamera. Alinyoosha mkono, na kwa mara ya kwanza tangu ule mkate wa kumimina, akaliita jina.

"Mwanatatu. Mwanatatu, mwanangu. Njoo."

Wanawake wote waligeuka. Wazee miongoni mwao walijua anangoja nini. Neno ni dogo, lingemalizika kwa pumzi moja, na Riziki alilihisi limefika mpaka kwenye meno.

"Mwanatatu yumo ndani, mama," alisema. "Anaoshwa."

Akainua ndoo, akainama kupita mlango mdogo wa chumba cha bibi, akaurudisha nyuma yake. Wanawake wawili walioshika shuka walimpisha. Nje, kilio kilianza tena. Alichukua kata, akaijaza maji, akamsogelea somo yake kichwani.